Kishikio cha ngazi si ukingo wa ngazi

Kishikio cha ngazi ni ule mti au bomba linalofuata mteremko wa ngazi, ili mguu ukiteleza mkono uwe na pa kukamata. Basi. Ningeishia hapo, ila juzi nimemsikia tena ndugu mmoja hapa Marekani akisema ngazi yake ya kushukia besimenti, chumba kilicho chini ya nyumba, "haihitaji reli, maana ina kuta pande zote mbili."

Lawama naiweka kwenye hilo neno reli. Sisi tulilipata kwa Waingereza, Waingereza kwa Kifaransa cha kale, nacho kililitoa kwenye Kilatini regula, yaani kijiti kilichonyooka. Humo humo ndimo ilimotoka rula ya mwanafunzi. Reli na rula ni ndugu wa tumbo moja. Kwa hiyo reli inakutajia umbo tu: kitu kirefu, kimenyooka. Kazi yake haisemi. Ndiyo maana treni inapita kwenye reli, pazia linaning'inia kwenye reli, na vyuma vya roshani navyo tunaviita reli.

Maneno yetu wenyewe yanataja kazi. Kishikio kimetokana na kushika, ukingo umetokana na kukinga. Cha kwanza kinangoja kiganja chako, cha pili kinangoja mwili mzima.

Ukingo unahitajika pale ubavu wa ngazi ulipo wazi, mtu asije akaporomoka pembeni. Kanuni ya ujenzi wa nyumba ambayo majimbo mengi ya Marekani huifuata, kila moja na marekebisho yake (inajiita ya kimataifa, lakini ni ya Kimarekani hasa), inaudai ukingo ubavu ulio wazi ukizidi inchi 30 kutoka sakafu ya chini, na nafasi kati ya fito ziwe finyu, mtoto asipenye. Ngazi ikibanwa na kuta mbili, kazi hiyo kuta zimeshaifanya. Hapo ndugu yangu yuko sahihi.

Lakini nani amewahi kuushika ukuta? Anayeteleza kwenye ngazi ya namna hiyo haendi pembeni, anakwenda chini, na ukuta hauna pa kukamata. Kwa hiyo kanuni ile ile inataka kishikio japo upande mmoja, ngazi ikiwa na miinuko minne au zaidi (mwinuko ni kimo cha kupanda hatua moja), kuta ziwepo zisiwepo. Kimo chake ni inchi 34 hadi 38, ukipima wima kuanzia ncha ya kipandio.

Halafu wapo wanaopigilia mbao ya mbili kwa nne ukutani, imelala bapa, wakasema kazi imekwisha. Mkono utaegemea pale, lakini vidole havizunguki. Ukitumia mti wa mviringo, unene wake uwe kati ya inchi moja na robo na inchi mbili, na kati yake na ukuta ibaki inchi moja na nusu ya kupitisha vidole. Skrubu za mabano, vile vyuma vinavyoshikilia mti ukutani, zifike kwenye nguzo za mbao zilizo nyuma ya jipsamu, lile bamba linalofunika ukuta. Jipsamu peke yake itameguka siku utakaponing'inia kwa uzito wako wote, na siku hiyo ndiyo uliyoifungia kishikio. Ncha mbili za mti zirudishwe ukutani, la sivyo siku moja zitanasa mkono wa kanzu au kamba ya mkoba, na kilichowekwa kukuzuia usianguke ndicho kitakachokuangusha.

Basi, ndugu yangu, hukukosea sana. Kisichohitajika kwenye ngazi yako ni ukingo. Kishikio bado unadaiwa.