Mkoro si mtoto wa moto

Wachoraji wachanga wanaoniletea kazi zao hapa Goma hurudia kosa lile lile, na wasomaji wa katuni zangu wanalishikilia kana kwamba mimi ndiye niliyeliandika: eti Wakoro, wale viumbe wa mawe, ni moto uliovikwa jiwe. "Papa, juu ya nini uyu Mkoro anakimbia lava? Yeye si mutoto ya volkano?" Nimechoka kujibu mmoja mmoja. Najibu hapa kwa wote.

Mkoro hana moto ndani. Acheni kumchora na macho yanayowaka na nyufa nyekundu kifuani. Ukimpasua katikati utakuta jiwe baridi, jeusi, lenye vitundu. Lava, yaani mwamba ulioyeyuka, inapopanda kutoka chini ya ardhi, gesi iliyomo hujitenga ikawa mapovu, na jiwe likiganda kabla mapovu hayajatoka, nafasi zake hubaki. Okota jiwe lolote la uzio pale mtaa wa Majengo uligeuze mkononi: vipo vitundu vya kuingiza punje ya haragwe, na vingine haviingizi hata ncha ya sindano. Kwa Mkoro, hilo ndilo tumbo. Maji ya mvua hukaa humo, na utando wa kijivu unaoota mgongoni mwake huyanywa na kumlisha. Ndiyo maana rangi yake ni kijivu chenye weupe. Anayebisha atoke nje ya mji aikague lava ya mwaka 2002 ya Nyiragongo, volkano yetu hapa, aone inavyofunikwa na utando huo huo kabla majani na miti havijashika.

Sasa mlete Mkoro huyo mbele ya lava mbichi, yenye joto la zaidi ya digrii 1,000. Utando unaungua kwanza. Kisha maji yaliyomo kwenye vitundu yanachemka kwa ghafla, mvuke unakosa pa kutokea, na mwili unapasuka vipande. Hakuna kiumbe katika ulimwengu wangu anayeiogopa lava kuliko yeye. Kusema aoge ndani yake kwa kuwa alitokana nayo ni kukosa kufikiri: jiwe likishapoa limekwisha kuwa kitu kingine.

Nalisisitiza hili kwa sababu wanaosoma katuni hizi ni watoto wa mji huu, na Nyiragongo si hadithi. Imemwaga lava 1977, 2002 na 2021. Lava yake ni ya majimaji kuliko ya volkano nyingi, kwa hiyo mlimani inaweza kumpita mtu anayekimbia. Ikifika tambarare inapunguza mwendo, inafanya ganda jeusi juu, na hapo ndipo hatari inapojificha. Ganda linaonekana limekufa, kumbe chini yake bado kuna moto, na gesi inatoka kwenye nyufa. Mwaka 2021 kuna watu waliokosa hewa wakafa wakijaribu kuvuka lava iliyokuwa ingali inapoa. Mtoto aliyezoea kuona jiwe jeusi likicheza na moto bila kudhurika atajifunza nini? Katika katuni zangu Mkoro akiliona ganda jipya hulizunguka, hata kama njia itamchukua siku nzima, na mchoraji anayetaka kufanya kazi nami aionyeshe safari hiyo yote. Asiikate ili hadithi iende mbio.

Wengine husema Wakoro hawafi. Wanakufa. Mvua na mizizi huwala kidogo kidogo mpaka wanakuwa udongo, tena udongo mzuri. Waulize wanaolima chini ya milima yetu ya volkano kwa nini viazi na maharage vinakubali kule.

Kwamba wote ni wanaume? Hawana mume wala mke. Mzizi wa mti ukiingia kwenye ufa na kuupanua, kipande kinachotengana ndicho mtoto. Kwa hiyo msiwachoree ndevu.

Kwamba ni wazito wa akili kwa kuwa wanatembea polepole: si kweli, na sitapoteza muda hapo.

Limebaki la mazuku, ile gesi ya mashimoni inayoua. Ni kweli Mkoro huingia kwenye mashimo yenye mazuku na kutoka salama, maana hana mapafu. Wasomaji hugeuza hilo wakadai kwamba rafiki yake binadamu, akimshika mkono, analindwa naye. Halindwi hata kidogo. Mazuku ni kaboni dioksidi inayotoka ardhini. Ni nzito kuliko hewa, kwa hiyo hutuama mabondeni na mashimoni, hasa alfajiri upepo ukiwa umetulia. Haionekani. Huko upande wa Bulengo imeua mbuzi, mbwa na watu. Anayeinama ndani ya shimo huanguka kabla hajajua kinachompata, na anayeruka kumwokoa bila kifaa cha kupumulia huanguka juu yake. Niliwahi kuletewa ukurasa wenye msichana na Mkoro wamelala pamoja shimoni, mchoro mzuri sana, mwanga umepangwa vizuri. Niliukataa. Kazi yoyote itakayonifikia ikiwa na binadamu ndani ya shimo la mazuku, hata kwa fremu moja, nitairudisha ichorwe upya.