Umeitwa usaili, hujaajiriwa bado: tunayodanganyana tukisubiri majina

Juzi jioni kijiweni Ngamiani, hapa Tanga, kijana mmoja kaweka kikombe cha kahawa chini akasema kashaacha kazi yake ya duka la vifaa vya ujenzi, miaka minne kaifanya, kisa kapita mchujo na mahojiano ya taasisi moja ya serikali na miezi mitano sasa inakwenda hajaitwa kazini. Iliniuma sana maana na mimi yalishanikuta, nilikaa miezi tisa naamka na simu mkononi naangalia pdf ya majina ya walioitwa kazini, nyumba ya kupanga nikaikosa hivihivi.

Kwahiyo la kwanza kabisa: watu wanasema jina likitoka kazi ni yako. Sio kweli. Kuitwa usaili, hata kufaulu, hakukupi ajira mpaka upewe barua ya ajira. Ulichonacho ni haki ya kushindanishwa kwa usawa, na hiyo sio ndogo jamani, Katiba ibara ya 22 inasema kila raia ana haki ya fursa sawa ya kushika kazi yoyote ya mamlaka ya nchi, na Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 inapokataza ubaguzi inamhesabu hata muombaji kazi. Yaani wakikuacha kwa sababu una mimba, au kwa kabila au dini yako, hapo una hoja hata kama hujaajiriwa. Ila kazi yako ya sasa usiiache, nakuomba.

Halafu kuna hii ya "wakichelewa ujue wameshaweka watu wao". Inawezekana pengine ufisadi upo, siukatai, lakini kuchelewa peke yake sio ushahidi. Nafasi ya serikali inataka kibali, inataka ikama, yaani idadi ya watumishi iliyoidhinishwa, inataka bajeti ya mishahara, na mwaka wa fedha unaisha Juni 30 unaanza mwingine Julai 1. Mwaka 2016 ajira zilisimamishwa kabisa kupisha uhakiki wa watumishi hewa, yaani majina yanayolipwa mshahara bila mtu kuwepo kazini, waliokuwa kwenye foleni wakabaki palepale. Na waliofaulu wakakosa nafasi, Sekretarieti ya Ajira, ofisi inayosimamia usaili wa serikali, inawaweka kwenye kanzidata, yaani orodha ya kumbukumbu, ikitokea nafasi ya kada yao, yaani fani yao, wanaweza kupangiwa bila usaili mpya. Ndio maana mtu anaitwa wakati kashasahau.

Linaloniumiza zaidi ni hili la "usiulize, watakukata jina". Kwa woga huo watu wazima wenye digrii wanakaa kimya mwaka mzima! Kuuliza ni haki yako, kuna Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya 2016, unaandika barua unaomba taarifa, ofisi ya umma inatakiwa ikujibu ndani ya siku 30, na kama inakunyima ikueleze sababu. Sio kupiga simu kwa binamu anayefanya kazi wizarani, barua, yenye tarehe, jina la kada, namba ya usaili, uulize mchakato umefikia wapi na wewe uko kwenye hali gani.

Na hiyo barua ina kazi nyingine, maana wengine wanasema serikali haishtakiki na wengine wanasema utashtaki tu siku ukichoka. Wote wanakosea. Mahakama Kuu, na Tanga ipo hapahapa, inaweza kuombwa ipitie uamuzi wa ofisi ya umma au iiamuru itimize wajibu wake wa kisheria, lakini haitakuchagulia kazi, na kwa amri ya kuilazimisha ofisi itataka kuona ulishaidai ikakataa, sasa bila barua utaonyesha nini? Na kibali cha kufungua maombi hayo unatakiwa ukiombe ndani ya miezi sita tangu kitendo unachokilalamikia. Miezi sita ndugu yangu, wakati wewe unasubiri kimya inakatika. Kama huna hela ya wakili, Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017 ipo kwa ajili ya mtu kama wewe, na Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora nayo inapokea malalamiko ya ofisi za umma.

Anayekwambia tuma laki tatu asukume faili ni tapeli au mla rushwa, na ukituma na wewe umetenda kosa. Piga 113 TAKUKURU, wale wa kupambana na rushwa, bure.

Yule kijana leo asubuhi tumekaa naye steshenari, ukurasa mmoja tu, kopi mbili, moja kaituma Posta kwa rejista na risiti kaibana kwenye kopi yake. Kutoka hapo kaenda dukani kuongea na tajiri wake wa zamani.