Matriki mbili huzidishika lini?

Mama Asha anataka unga kilo 5, sukari kilo 2 na mafuta lita 1. Jirani yake anataka unga kilo 3, sukari kilo 4 na mafuta lita 2. Ondoa maneno, bakiza namba, kila nyumba na mstari wake:

5 2 1
3 4 2

Hiyo ni matriki ya 2×3, yaani safumlalo mbili na safuwima tatu. Za mlalo hutajwa kwanza siku zote. Ukizigeuza hapo, hesabu yote itakuvuruga.

Sasa tuandike bei kwa shilingi. Safuwima ya kwanza ni duka la mtaani, ya pili ni sokoni:

2000 1800
3000 2800
6000 5500

Hii ni ya 3×2. Kuzidisha ni kuchukua safumlalo ya matriki ya kwanza, kuioanisha namba kwa namba na safuwima ya matriki ya pili, kisha kujumlisha: 5×2000 + 2×3000 + 1×6000 = 22,000. Hiyo ndiyo gharama ya Mama Asha akinunua mtaani. Ukimaliza jozi zote unapata:

22000 20100
30000 27600

Hesabu imekwenda kwa sababu kila kiasi kilipata bei yake. Mtu angeongeza mstari wa bei ya sabuni, matriki ya pili ingekuwa ya 4×2, na bei hiyo ingekosa mwenzake. Hapo huzidishi kitu.

Basi sharti ni hili: idadi ya safuwima za matriki ya kwanza iwe sawa na idadi ya safumlalo za matriki ya pili. Andika vipimo sambamba, 2×3 na 3×2. Namba za katikati zikifanana, zinazidishika, na za pembeni ndizo ukubwa wa jibu. Kwa hiyo 4×3 na 3×1 hutoa 4×1. Lakini 2×3 na 2×3 hazizidishiki, japo hujumlishika bila taabu. Wanafunzi wengi hunaswa hapa, kwa kuwa wanakuja na sharti la kujumlisha. Na aliyezoea za 2×2 tu huenda asijue kama kuna sharti lolote, maana zenyewe huzidishika daima.

Arthur Cayley, Mwingereza aliyeandika nadharia ya matriki mwaka 1858, alifika hapo kwa njia ya milinganyo: majibu ya mfumo mmoja yanaingizwa kwenye mfumo mwingine. Mfumo unaosubiri namba tatu huwezi kuupa nne.

Mpangilio nao una uzito. 2×3 ikitangulia 3×4, jibu ni 2×4. Ukizibadilisha, 4 inakutana na 2 na kazi imekwama.

Hata hivyo, sharti hilo huhesabu tu, haliulizi maana. Rudi kwa Mama Asha, uanze na bei ndipo ufuatishe mahitaji: 3×2 kwa 2×3, vipimo vinakubali, jibu ni 3×3. Katika safumlalo ya kwanza, safuwima ya pili, utakuta 2000×2 + 1800×4 = 11,200. Hesabu ni sahihi kabisa, ila umezidisha bei ya unga kwa kilo za sukari.