Ptisane, neno lililozaliwa kinuni

Ukiagiza tisane mjini Paris leo, utaletewa maji ya moto yenye majani ya mnanaa au maua ya kamomili. Shayiri haimo hata punje moja. Lakini neno hili ni la shayiri tangu kuzaliwa kwake, ndiyo maana nalipenda.

Wafaransa walilirithi kutoka Kilatini, tisana. Kilatini nacho kililitoa kwa Wagiriki waliosema ptisane. Ile P ya mwanzo ilidondoka njiani. Chanzo chake ni kitenzi ptissein, yaani kutwanga nafaka mpaka ganda litoke. Sisi tunasema kukoboa. Basi ptisane kwanza ni shayiri iliyokobolewa, halafu ndipo jina likahamia kwenye kile kilichopikwa kwayo. Pistor, mwoka mikate wa Roma, ametoka ukoo huohuo: asili yake ni mtwangaji.

Niliwahi kuitwanga mwenyewe. Ganda la shayiri limegandamana na punje, haliachii kirahisi kama la mpunga. Unainyunyizia maji, unatwanga, unapepeta, unarudia. Mikono ikishauma, unaona kwa nini Wagiriki walikipa chakula jina la kazi yenyewe.

Ukiichemsha muda mrefu inatoa ute laini. Ute huo ndio uliosifiwa katika kitabu cha Hippocrates, tabibu wa Ugiriki ya kale, kuhusu chakula cha wenye maradhi makali, ambacho wengine zamani walikiita "Juu ya Ptisane". Anasema inateleza, inakata kiu, wala haivimbi tumboni, kwa sababu imekwisha kuvimba chunguni. Kwa mgonjwa dhaifu ilichujwa, akanywa maji yake tu. Mwingine alipewa pamoja na punje.

Matabibu wa Kiarabu waliiita maa al-shaʿiir, maji ya shayiri, na neno letu shayiri limetoka hukohuko. Mzizi wake ni ule wa shaʿr, nywele: tazama suke lake lilivyojaa ndevu! Shairi la kughani nalo latokana na shiʿr, herufi zilezile tatu.

Kwa hiyo nikikuta ptisane imetafsiriwa "chai ya shayiri", nasikitika. Majani ya chai yalifika Ulaya karne ya 17, zaidi ya miaka elfu mbili baada ya Hippocrates. Iliyochujwa ni maji ya shayiri. Yenye punje zake ni uji, na mama yeyote aliyewahi kumkorogea mgonjwa uji mwepesi angeitambua mara moja.