Tabaga Haisukwi, Inashonwa

Jana tena. Mteja kanipigia simu kutoka Kampala, anataka tabaga ishirini za harusi, vile vifuniko vya chakula vya nyasi, na harusi yenyewe Jumamosi. "Si mnasuka tu, dada?" Mama alikuwa pembeni yangu anasikia. Alicheka mpaka akaweka sindano chini.

Hatusuki, jamani. Tunashona.

Anayesuka ni wa mkeka: ukindu mkononi, vidole vinapishanisha chane, ukili unarefuka huku mwenyewe anapiga soga. (Najua, ukili nao hushonwa baadaye ukawa mkeka. Msinipigie kwa hilo.) Tabaga haina cha kupishanisha. Ni kifungu cha nyasi kinachozungushwa kama nyoka aliyejikunja, na uchane unaokizonga, kila mara ukipenya kwa sindano kwenye mzunguko uliotangulia. Toboa, pitisha, vuta. Toboa tena. Watu wa pwani wataitambua, ni kawa ya kufunikia chakula. Sisi Wanubi wa Bombo, hapa Uganda, jina tulikuja nalo kutoka Sudan, pamoja na wale wanajeshi wa Kisudani walioletwa na Lugard, afisa Mwingereza, mwaka 1891.

Kinachowaponza wateja ni macho. Mtu anaona tabaga imefika nusu ya upana, anasema, "Basi kesho inaisha." Nusu ya upana ni robo ya kazi! Kila mzunguko ni mrefu kuliko uliopita. Tabaga ya sentimita 40 ikifika 20, robo tatu ya mishono bado inakungoja. Na hapo sijataja maua. Ukianza na petali sita katikati, kila petali lazima iongezewe mishono kadiri duara linavyopanuka. Ukikosea hesabu huoni leo. Utaona mizunguko mitano mbele, petali moja imevimba kama shavu la mwenye jino bovu. Kufumua nako ni kurudi nyuma mshono kwa mshono, na nyasi zilizokwisha tobolewa hazishiki tena vizuri.

Uchane uloweshwe kidogo tu. Ukishona ukiwa chepechepe, utakauka, utasinyaa, na mianya itafunguka.

Nikiri mawili. Kitovu, yaani ule mwanzo wa katikati, bado kinanishinda. Tabaga zangu nyingi zimepinda pale, nazificha kwa uzi mweusi. Pili, nawaambia wageni kwamba rangi zetu ni za jadi, lakini zambarau yangu ni ya unga, naichemsha kwenye sufuria ya bati baada ya kuinunua dukani. Sijui kama huo ni uongo. Mama anasema jadi ni mkono, si unga. Siku nyingine namwamini.

Yule wa Jumamosi nilimwambia ninazo nne tayari, moja kitovu chake kimekaa upande. Kazichukua zote. Leo asubuhi kapiga tena: hizo kumi na sita zilizobaki, si nazimalizia tu kesho?