Fungua mlango wa dereva kwanza: upepo sahihi wa matairi ya gari la familia

Mtu akileta gari na kuniambia "fundi, nijazie upepo," namuuliza niweke ngapi. Wengi hujibu "ule wa kawaida." Wengine hutaja 30 au 35, namba waliyoisikia kwa jirani au waliyoizoea kwenye gari waliloliuza zamani. Basi nafungua mlango wa dereva, nainama, namwonyesha kibandiko kilichobandikwa kwenye fremu, pale mlango unapofungia. Kimekuwepo tangu gari litoke kiwandani. Nimefanya kazi ya matairi kwa miaka mingi, na bado kila wiki nakutana na mwenye gari ambaye hajawahi kukiona.

Kibandiko hicho kina saizi ya tairi, upepo wa mbele, upepo wa nyuma, na mara nyingi safu ya pili ya gari likiwa limejaza watu na mizigo. Usipokikuta mlangoni, angalia upande wa ndani wa kifuniko cha tangi la mafuta, au fungua kitabu cha gari. Vipimo vinaweza kuwa vya psi, bar au kPa, kwa hiyo kumbuka kwamba bar 1 ni kPa 100, sawa na psi 14.5. Ukiona 220 usishtuke, hizo ni kPa, na ni kama psi 32.

Namba iliyoandikwa ubavuni mwa tairi ni habari nyingine kabisa. Ile ni kikomo ambacho tairi halipaswi kuvuka. Aliyetengeneza tairi hajui litafungwa kwenye gari gani, maana saizi moja huweza kuingia kwenye gari jepesi na kwenye gari zito. Aliyetengeneza gari ndiye anayejua uzito wake, jinsi ulivyogawanyika mbele na nyuma, na namna breki na springi zake zinavyofanya kazi. Kwa hiyo nikimkuta mtu amejaza hadi kile kikomo cha ubavuni, akiamini kwamba amelitendea gari lake haki, huwa naacha kazi nyingine kidogo nimweleze.

Namweleza hivi. Kinachobeba gari lako ni upepo. Mpira na nyuzi za chuma zilizomo ndani ya tairi ni mfuko wa kuushikilia ule upepo usitoke. Chukua gari la kilo 1,500 pamoja na waliomo. Kila tairi linabeba kama kilo 375. Upepo ukiwa bar 2.2, ukipiga hesabu utaona kwamba sehemu ya tairi inayogusa ardhi ni kama sentimita za mraba 167. Hicho ni kiganja cha mtu mzima pamoja na vidole vyake vilivyobanwa. Viganja vinne ndivyo vinavyoishika barabara unapopiga breki ghafla mtoto anapokatiza mbele yako. Upepo usipokuwa sawa, viganja hivyo hubadilika umbo, na kila kitu kinachovitegemea hubadilika navyo, kuanzia breki na usukani hadi maisha ya tairi lenyewe.

Upepo pungufu ndio ninaouogopa zaidi, na sababu yake ni joto. Tairi likizunguka, ubavu wake hukunjika kidogo kila linapogusa chini, kisha hunyooka. Kwa saizi za kawaida za magari ya familia, kwenye kilomita 100 kwa saa tairi huzunguka karibu mara 14 kwa sekunde moja. Kwa saa nzima mikunjo hiyo inafika elfu hamsini. Upepo ukitosha, kila mkunjo ni mdogo na joto lake hupotea njiani. Ukipungua, mkunjo unakuwa mkubwa, mpira unajisugua wenyewe kwa ndani, na joto linaongezeka kuliko linavyoweza kutoka. Chukua kipande cha waya, kikunje na kukikunjua haraka haraka mara nyingi, halafu ukiguse pale kwenye mkunjo. Utaelewa ninachosema.

Tairi lililoendeshwa hivyo kwa muda mrefu, ukilivua kwenye rimu na kulitikisa, linamwaga unga mweusi laini. Ule unga ni mpira wa ndani wa ubavu uliosagika. Nikiuona sirudishi tairi hilo kwenye gari, hata kama meno yake bado ni marefu na kwa nje linaonekana jipya. Wakati fulani baba mmoja aliniletea tairi la nyuma lililopasukia safarini, gari likiwa na watu saba na mizigo hadi kwenye paa. Aliapa kwamba alikuwa ameligonga kwa mguu asubuhi kabla ya kuondoka na likasikika gumu. Tulipolifungua, unga ulijaa sakafuni. Nilipima matairi matatu yaliyobaki: yote yalikuwa chini ya psi 24, ilhali kibandiko chake kilitaka 36 nyuma kwa gari lililojaa. Waliwahi kusimama pembeni na wote walikuwa salama. Mpaka leo nikisikia mtu akigonga tairi kwa kiatu namkumbuka yule baba.

Mguu haupimi upepo, na jicho pia halipimi. Matairi ya siku hizi ni ya radiali, aina ambayo kampuni ya Michelin iliiingiza sokoni mwaka 1949, na ubavu wake ni laini kwa makusudi. Huwa umetuna kidogo pale chini hata upepo ukiwa kamili. Panga gari lenye 32 na lenye 25 ubavu kwa ubavu, hata mimi siwezi kukwambia lipi ni lipi kwa kutazama tu. Siku utakayoona kwa macho kwamba tairi limelala, ujue limekuwa likiumia kwa muda mrefu.

Upepo uliozidi madhara yake yanaonekana wazi zaidi. Tairi linatuna katikati, linagusa barabara kwa eneo dogo, gari linarukaruka kwenye matuta, na meno ya katikati yanaisha kabla ya ya pembeni. Upungufu hufanya kinyume chake: pembe zote mbili zinaisha na katikati panabaki. Pitisha kiganja juu ya tairi lako, litakusimulia jinsi ulivyoishi nalo. (Upande mmoja tu ukiisha, hilo si la upepo. Peleka gari likapimwe mpangilio wa magurudumu.)

Mvua nayo ina hesabu yake. Katika miaka ya 1960 watafiti wa NASA, wakichunguza matairi ya ndege kwenye njia zenye maji, waligundua kwamba mwendo ambao tairi huanza kuelea juu ya maji unategemea kipeuo cha pili cha upepo wake. Kwa kanuni yao, tairi la psi 32 huanza kuelea karibu na kilomita 94 kwa saa, na la psi 20 karibu na 75. Kanuni hiyo ni ya maji yaliyozidi kina cha meno ya tairi, kwa hiyo si mstari wa kukariri. Lakini unaona mwelekeo: upepo ukipungua, gari linaacha barabara mapema, na likishaelea usukani hauna kazi tena.

Sasa niseme kuhusu tairi baridi, maana hapa ndipo hata watu makini wanapokosea. Namba ya kibandiko ni ya tairi baridi, yaani gari limesimama saa tatu au zaidi, au limetembea kilomita mbili hivi kwa mwendo wa taratibu. Upepo uliofungiwa ukipata joto, msukumo wake hupanda. Tuseme umeweka 32 asubuhi, joto likiwa nyuzi 20. Umesafiri, upepo wa ndani umefika nyuzi 50, na geji inasoma karibu 37. Hakuna kilichoharibika, na aliyepanga ile 32 alilijua hilo tangu mwanzo. Tatizo linakuja pale mtu anapoona 37, akaogopa, akapunguza mpaka 32. Kesho asubuhi tairi likipoa litakuwa na kama psi 28, na atasafiri nalo hivyo akiamini kwamba amepima jana. Usipunguze upepo wa tairi la moto. Kama umelazimika kujaza likiwa la moto, ongeza hadi psi 4 hivi juu ya namba ya kibandiko, kisha lipime upya likipoa.

Wenye magari mapya huniambia wana taa ya upepo kwenye dashibodi, kwa hiyo hawahitaji kupima. Taa hiyo ni nzuri, na ina historia nzito. Mwaka 2000 kampuni ya Firestone iliyaita kiwandani matairi milioni 6.5, mengi yakiwa yamefungwa kwenye magari ya Ford Explorer, kufuatia ajali zilizoua watu. Mwaka huo huo Marekani ilitunga sheria ambayo hatimaye iliyalazimu magari mapya madogo yote kuwa na kifaa hicho kuanzia Septemba 2007. Ulaya ilifuata kwa magari mapya mwaka 2014. Lakini kiwango cha Marekani kinataka taa iwake upepo ukishuka kwa asilimia 25. Kama unatakiwa kuwa na 32, itawaka kwenye 24. Tairi zima, lisilo na pancha yoyote, hupoteza psi moja hadi mbili kwa mwezi kwa sababu hewa hupenya polepole kwenye mpira. Unaweza kutembea miezi minne au zaidi na upepo unaopungua kila siku huku dashibodi ikiwa kimya.

Tena baadhi ya magari hayana kipimo ndani ya tairi. Yanalinganisha mizunguko ya magurudumu kupitia vifaa vya breki za ABS (zile zinazozuia magurudumu yasikwame), kwa kuwa tairi lililopungua huwa dogo kidogo na huzunguka haraka kuliko wenzake. Yote manne yakipungua pamoja, ni vigumu mfumo huo kutambua. Na ukishajaza upepo ni lazima uuweke upya mfumo huo kwa kitufe au kwenye skrini, la sivyo utaendelea kulinganisha na kipimo cha zamani.

Kwa hiyo nunua geji yako mwenyewe. Ya mshale au ya tarakimu, yoyote ile, mradi ni moja na unaitumia hiyo hiyo kila mara. Geji za vituoni huangushwa chini mchana kutwa na nimekuta zinazotofautiana kwa psi 5. Pima mara moja kwa mwezi na kabla ya kila safari ndefu, asubuhi, gari likiwa halijatoka. Fungua kifuniko cha valvu, kandamiza geji wima mpaka mlio wa upepo ukome, soma. Rudia mara ya pili. Matairi mawili ya mbele yawe sawa, na mawili ya nyuma vivyo hivyo. Kama moja linapungua kuliko wenzake kila mwezi, paka maji ya sabuni kwenye valvu, kwenye meno, na pale tairi linapokutana na rimu, uangalie mapovu. Mara nyingi ni pini ya valvu iliyolegea, kazi ya dakika mbili. Na kile kifuniko kidogo kirudishe, maana kinazuia vumbi na mchanga visiifikie pini.

Watu huniuliza pia kuhusu kujaza gesi ya naitrojeni badala ya hewa ya kawaida. Haina ubaya, lakini hewa unayojaza kila siku tayari ina naitrojeni asilimia 78, na tairi lenye naitrojeni nalo hupungua na huhitaji kupimwa. Hewa ya kawaida iliyopimwa kila mwezi inatosha kabisa kwa gari la familia.

Ukishamaliza yale manne, fungua buti. Spea ndiyo inayosahaulika kuliko zote, na kwa kuwa haitembei hakuna anayehisi ikipungua. Ya yule baba wa watu saba ilikuwa na psi 11 siku aliyoihitaji. Spea ya saizi kamili ijaze kwa namba kubwa kuliko zote kwenye kibandiko, utapunguza ukiifunga mbele. Ile nyembamba ya muda huhitaji psi 60, karibu mara mbili ya wenzake, na mwendo wake usizidi kilomita 80 kwa saa. Imeandikwa ubavuni mwake kwa herufi kubwa, na hapo, kwa hiyo spea peke yake, ubavu ndio wa kufuata.