Mpiga picha za vita si askari, ila akiwa askari

Kila mpiga picha anapouawa vitani, hawakosekani wa kusema kwamba "aliingia vitani mwenyewe", kana kwamba kamera ni silaha. Mpiga picha za vita ni mtu anayerekodi mapigano yakiendelea. Ila jina hilo limebeba watu wawili ambao sheria inawatenganisha kabisa.

Wa kwanza ni askari. Mwaka 1941 jeshi la Uingereza liliunda kikosi chake cha filamu na picha. Waliobeba kamera humo walivaa sare na kufuata amri, na picha zao za vita vya El Alamein, Misri, zikaingia kwenye filamu ya Desert Victory ya 1943. Adui aliyewafyatulia risasi hakuvunja sheria yoyote.

Wa pili ni raia. Kifungu cha 79 cha Itifaki ya Kwanza ya 1977, nyongeza ya Mikataba ya Geneva inayoweka sheria za vita, kinasema mwanahabari aliye kazini katika eneo la vita ni raia, mradi asishiriki mapigano. Kumlenga kwa makusudi ni uhalifu wa kivita. Hapa ndipo wengi wanapoteleza: wakimwona amevaa kofia ya chuma na kupanda gari la jeshi, humhesabu askari. La hasha. Aliyeidhinishwa kufuatana na jeshi akikamatwa hupewa haki za mateka wa vita, lakini bado ni raia. Gari alilopanda linaweza kushambuliwa kihalali, na hiyo ni hatari kubwa, ila yeye mwenyewe si shabaha.

Kinga hiyo haizuii vipande vya bomu. Mwaka 1991 ghala la silaha lililipuka Addis Ababa. Mpiga picha Mohamed Amin wa Nairobi akapoteza mkono, na mwenzake wa kurekodi sauti, John Mathai, akafa. Wala haimwokoi aliyeonwa vibaya. Agosti 2003 Mazen Dana, mpiga picha wa shirika la habari la Reuters, alikuwa akirekodi nje ya gereza la Abu Ghraib, Iraki. Mwanajeshi wa Marekani aliyekuwa kwenye kifaru alimpiga risasi akamuua. Jeshi lilieleza kwamba kamera yake ilidhaniwa kuwa silaha ya kurushia roketi.

Kwa hiyo ukiandika habari za Dana, tafadhali usimwite mpiganaji wala mtu wa upande wowote. Andika: raia aliyeuawa akiwa kazini.